Bo Lundberg: Mhandisi aliyewatetea wanaoishi chini ya njia ya ndege

Katika miaka ya 1960, mataifa makubwa yalipokuwa yakishindana kuunda ndege ya abiria yenye kasi kupita sauti, mmoja wa wapinzani wakubwa wa mpango huo hakuwa mwanasiasa wala mwanaharakati wa mazingira. Alikuwa mhandisi wa ndege, mbunifu wa ndege ya kivita, na mkuu wa taasisi ya taifa ya Sweden ya utafiti wa anga. Jina lake ni Bo Lundberg.

Lundberg alifariki dunia mwaka 1986, na leo ni wachache nje ya Sweden wanaomkumbuka. Hata hivyo, kila abiria anayevuka bara kwa ndege isiyozidi kasi ya sauti, na kila mtu anayelala usiku bila kuamshwa na kishindo kutoka angani, anaishi katika dunia ambayo Lundberg alisaidia kuijenga. Mjadala aliouanzisha umefufuka katika miaka hii, kwa hiyo si vibaya kuyarejea maisha yake.

Kutoka Karlskoga hadi Bromma

Bo Klas Oskar Lundberg alizaliwa mwaka 1907 katika mji wa Karlskoga, katikati ya Sweden, mji unaojulikana kwa viwanda vyake vya silaha. Alisomea uhandisi katika Taasisi ya Kifalme ya Teknolojia mjini Stockholm, kisha akajikita katika ubunifu wa ndege, fani iliyokuwa bado changa nchini mwake.

Vita vya Pili vya Dunia ndivyo vilivyomtoa gizani. Sweden haikuegemea upande wowote, lakini ilihitaji kulilinda anga lake, na ndege zake nyingi za kivita ilikuwa ikizinunua nje. Iliagiza ndege 120 za kivita kutoka kampuni moja ya Marekani. Zilipofika 60, serikali ya Marekani ikazuia zilizobaki na kuzichukua kwa matumizi ya jeshi lake yenyewe. Hizo 60 zilipelekwa katika uwanja wa kijeshi wa Barkarby, kaskazini-magharibi mwa Stockholm, kilomita chache tu kutoka hapa Kista. Uwanja huo ulifungwa mwaka 2010, na leo mahali pake pamejengwa majumba ya makazi.

Sweden ililazimika kujitengenezea ndege yake haraka, na viwanda vilivyokuwepo vilikuwa vimeelemewa na kazi. Lundberg alikabidhiwa jukumu la kubuni ndege isiyohitaji malighafi adimu. Alichora kiunzi cha mirija ya chuma na kukifunika kwa plaiwudi. Injini ilikuwa nakala ya injini ya Kimarekani, iliyotengenezwa Sweden bila leseni kwa sababu hapakuwa na njia nyingine. Vipuri viligawiwa kwa mamia ya viwanda vidogo ambavyo vingi havikuwahi kutengeneza kitu chochote cha kuruka.

Ndege hiyo, J 22, iliruka kwa mara ya kwanza kutoka uwanja wa Bromma tarehe 20 Septemba 1942. Ilifikia kasi ya kilomita 575 kwa saa, kasi ya kuheshimika kwa injini yenye nguvu za wastani. Zilitengenezwa 198, na zikatumika hadi mwanzoni mwa miaka ya 1950.

Kwa hiyo Lundberg hakuwa mtu wa kuogopa mashine. Alipokuja kusema baadaye kwamba kuna ndege ambayo haifai kutengenezwa, haikuwa rahisi kumjibu kwamba hajui asemalo.

Metali nayo huchoka

Mwaka 1947 Lundberg aliteuliwa kuwa Mkurugenzi Mkuu wa Taasisi ya Utafiti wa Anga ya Sweden, FFA, iliyoanzishwa mwaka 1940 na kuwa na makao yake Ulvsunda, eneo la Bromma. Aliiongoza kwa miaka 20. Katika mahandaki yake ya upepo, ambamo mfano mdogo wa ndege hupulizwa hewa kwa kasi kubwa ili kupima mwenendo wake, taasisi hiyo ilisaidia kuzaliwa kwa ndege za kivita za Sweden zilizovuka kasi ya sauti. Iliyo mashuhuri zaidi ni Draken, iliyoruka kwa mara ya kwanza mwaka 1955.

Lakini jina la Lundberg lilianza kusikika kimataifa kwa jambo jingine: uchovu wa metali. Mwaka 1954 ndege mbili za Uingereza za aina ya Comet, ndege ya kwanza ya abiria yenye injini za jeti, zilivunjika zikiwa angani. Ya kwanza ilianguka karibu na kisiwa cha Elba mwezi Januari na kuua watu 35, na ya pili karibu na Naples mwezi Aprili na kuua 21. Uchunguzi ulionyesha kwamba bodi lilikuwa limepasuka kutokana na kujazwa hewa na kupunguzwa hewa tena na tena, safari baada ya safari, kama waya unaokunjwa na kukunjuliwa hadi ukakatika.

Mwishoni mwa mwaka huo huo Lundberg alialikwa Marekani kutoa mhadhara wa heshima wa Wright Brothers, na mada yake ilikuwa umri wa maungo ya ndege mbele ya uchovu huo. Kwake uimara wa ndege siku ya kwanza haukutosha. Mhandisi alipaswa kujua ndege itakuwaje baada ya maelfu ya safari, na aliyepaswa kubeba mzigo wa uthibitisho ni yule anayeitengeneza, si yule anayeipanda.

Kutoka hapo alijenga hoja pana zaidi kuhusu usalama. Wataalamu wengi walipima usalama kwa uwiano: vifo vingapi kwa kilomita ngapi. Lundberg aliona kipimo hicho hakitoshi. Ikiwa safari za ndege zitaongezeka mara kumi na uwiano ukabaki ule ule, ajali nazo zitaongezeka mara kumi. Mwananchi wa kawaida hasomi uwiano. Anasoma gazeti, na gazeti linamwambia kwamba ndege imeanguka tena. Kwa hiyo usalama wa kila safari lazima upande sambamba na wingi wa safari, la sivyo watu watapoteza imani. Hoja hiyo ilionekana ya ajabu wakati huo. Leo ni msingi wa kawaida wa fikra za usalama wa anga.

Mbio za kuipita sauti

Mwanzoni mwa miaka ya 1960 Uingereza, Ufaransa, Marekani na Umoja wa Kisovieti zote zilikuwa zimeshawishika kwamba hatua inayofuata ni kuipita kasi ya sauti. Jeti zilikuwa zimepunguza muda wa safari karibu kwa nusu, na ilionekana ni jambo la kimaumbile kwamba muda huo upunguzwe kwa nusu tena. Heshima ya taifa nayo iliwekwa rehani.

Lundberg alikuwa ameanza kuandika dhidi ya mpango huo. Agosti 1962 wataalamu wa sayansi ya anga kutoka duniani kote walipokutana Stockholm katika kongamano lao la kimataifa, mwenyeji wao alisimama kuwahutubia kuhusu kasi na usalama. Badala ya kuwapongeza, aliwaonya. Miezi mitatu baadaye, tarehe 29 Novemba 1962, Uingereza na Ufaransa zilitia saini mkataba wa kuunda Concorde. Juni 1963 Rais John F. Kennedy akatangaza kwamba Marekani nayo itaunda ya kwake, kubwa zaidi na yenye kasi zaidi.

Hoja za Lundberg zilikuwa nyingi. Ndege inayokwenda mara mbili ya kasi ya sauti hupata joto kwa kusuguana na hewa. Pua ya Concorde ilifikia nyuzi joto zaidi ya 120. Bodi hutanuka likiwa juu na kunywea likiteremka. Mtu aliyetumia miaka kuuchunguza uchovu wa metali hakuweza kulipuuza jambo hilo. Aliuliza pia kuhusu mionzi ya anga za juu. Akauliza faida yenyewe ni ipi, ikiwa saa zinazookolewa angani zitapotea katika foleni za barabarani na viwanja vya ndege. Alipendekeza fedha hizo zitumike kuzifanya ndege za kawaida ziwe salama na za bei nafuu, ili watu wengi zaidi wasafiri.

Lakini juu ya hoja hizo zote ilikuwepo moja iliyozidi nyingine kwa uzito: kishindo.

Kishindo kinachoifuata ndege

Watu wengi hudhani kwamba kishindo hutokea mara moja tu, pale ndege inapouvuka mpaka wa sauti. Sivyo. Ndege husukuma hewa mbele yake kama jahazi linavyosukuma maji. Ikienda taratibu, mawimbi ya hewa hutangulia na kutawanyika. Ikiipita sauti, mawimbi hayapati nafasi ya kukimbia. Hurundikana na kuwa wimbi moja kali linaloburutwa nyuma ya ndege katika umbo la pia. Ukingo wa pia hiyo unapofika ardhini, aliye hapo husikia mpigo wa ghafla, mara nyingi mipigo miwili inayofuatana. Kishindo hakikomi. Kinatembea na ndege mwanzo hadi mwisho wa safari yake ya kasi.

Kwa ndege inayoruka kimo cha mita 18,000, ukanda wa ardhi unaoguswa na kishindo huwa na upana wa kilomita 80 au zaidi. Tuseme ndege ya namna hiyo inafuata njia ya reli kutoka Mombasa hadi Kisumu. Voi ingesikia, Nairobi ingesikia, Nakuru ingesikia, pamoja na kila kijiji kilicho kilomita 40 kaskazini na 40 kusini, na kila mtoto mchanga na kila mgonjwa aliyelazwa. Ndani ya ndege, abiria mia moja wasingesikia chochote.

Hapo ndipo Lundberg alipoliona jambo ambalo wenzake walikuwa hawataki kuliona. Wahenga walisema aliye juu mngoje chini, lakini katika safari hii aliye chini asingempata aliye juu. Angepata kishindo chake tu. Faida ilikuwa ya wachache wenye uwezo wa kulipa nauli, na gharama ilikuwa ya mamilioni ambao hawakuulizwa.

Mwaka 1964 serikali ya Marekani iliamua kupima uvumilivu wa watu. Kwa karibu miezi sita, kuanzia Februari hadi Julai, ndege za kijeshi zilipitishwa juu ya mji wa Oklahoma City mara kadhaa kila siku na kuangusha vishindo 1,253. Katika majumba mawili marefu zaidi mjini humo vioo 147 vilivunjika katika wiki 14 za mwanzo. Malalamiko yalifikia maelfu. Mwishoni, zaidi ya robo ya wakazi waliohojiwa walisema hawawezi kuzoea kuishi na vishindo hivyo.

Waliounga mkono mradi walifurahi: walio wengi wamekubali. Wakosoaji waliyasoma matokeo hayo hayo kwa namna nyingine, kwani mji mzima ulipigwa vishindo mchana tu, na usiku haukujaribiwa kamwe. Kwa Lundberg, kuuliza mtu wa wastani anaweza kuvumilia kiasi gani lilikuwa swali lisilo sahihi. Kipimo kinapaswa kuwa mtu dhaifu kuliko wote: mzee mwenye usingizi mwepesi, mgonjwa, mama aliyetoka kumlaza mtoto. Na kishindo hakifanani na kelele nyingine. Gari moshi hulisikia likija. Kishindo huja bila taarifa, na anayeshtushwa na kitu asichokitarajia huamka, hata kama sauti yenyewe si kubwa kupita kiasi.

Waliomjibu walisema ndege hizo zitapitishwa juu ya bahari na majangwa. Jibu hilo linatugusa sisi tuliotoka Afrika kuliko wengine. Katika ramani za waliochora njia hizo, Sahara na nyika zilihesabiwa kuwa mahali patupu. Mtuareg, Mturkana na mfugaji wa Arabuni hawakuonekana kwenye ramani, kwa sababu hawakuwa na wa kuwasemea katika vyumba vya mikutano. Lundberg hakukubali kwamba watu wachache ni sawa na watu wasiokuwepo, na aliwahesabu hata mabaharia na abiria wa meli.

Hoja yavuka mipaka

Makala zake zilianza kusomwa nje ya duru za wahandisi. Mwaka 1967 mwanafizikia William Shurcliff alianzisha mjini Cambridge, Massachusetts, umoja wa wananchi wa kupinga vishindo vya ndege. Nchini Uingereza mwalimu Richard Wiggs aliongoza kampeni dhidi ya Concorde. Wote wawili walizitegemea hesabu za Lundberg. Watu waliopuuzwa kama wasio wataalamu walipata mtaalamu ambaye hakuna aliyethubutu kumdharau.

Mwaka huo huo wa 1967 Lundberg aliondoka kwenye uongozi wa FFA, lakini hakuacha kuandika. Si jambo dogo kwa mtu aliyeishi kwa fani hiyo kuwapinga wenzake wa miaka mingi. Taasisi aliyoiongoza ilikuwa na mahandaki ya upepo ambayo yangeweza kunufaika na utafiti wa ndege hizo. Angeweza kunyamaza, au kuzungumza kwa lugha ya mafumbo ambayo wasomi huitumia wanapotaka kulinda nafasi zao. Alichagua kusema waziwazi.

Tarehe 31 Desemba 1968 ndege ya Kisovieti Tu-144 iliruka, na Concorde ikafuata tarehe 2 Machi 1969. Lakini Machi 1971 Bunge la Marekani lilikataa kuendelea kugharimia mradi wa nchi hiyo uliokuwa umekabidhiwa kampuni ya Boeing. Mwaka 1973 Marekani ilipiga marufuku ndege za kiraia kuipita kasi ya sauti juu ya ardhi yake, na nchi kadhaa za Ulaya, Sweden ikiwa miongoni mwao, zilichukua msimamo kama huo. Januari 1973 mashirika ya Pan Am na TWA yalikuwa yameshaachana na mpango wa kuinunua Concorde.

Zilitengenezwa Concorde 20 tu, na 14 kati yake ndizo zilizobeba abiria wa kawaida kuanzia Januari 1976. Safari zao za kasi zilibanwa zaidi juu ya bahari, kwa sababu sehemu kubwa ya ardhi ilikuwa imefungwa.

Alichokosea na alichopatia

Haki inataka tuseme pia kwamba si kila alichokihofia kilitokea. Concorde ilisafiri kwa zaidi ya miaka 24 bila abiria kufa. Ajali yake pekee yenye vifo, iliyotokea karibu na Paris tarehe 25 Julai 2000 na kuua watu 113, ilianzia kwenye kipande cha chuma kilichoangushwa njiani na ndege nyingine na kupasua tairi. Uchovu wa metali haukuhusika. Mionzi nayo haikuwa kikwazo. Wala si Lundberg peke yake aliyeizuia biashara hiyo. Bei ya mafuta ilipanda vibaya mwishoni mwa mwaka 1973, na Boeing 747 ilibeba abiria mara kadhaa zaidi kwa nauli ndogo. Concorde ilistaafu mwaka 2003.

Lakini juu ya kishindo, alipatia. Serikali nyingi hazikupata ujasiri wa kuwaambia raia wake wazoee.

Alipofariki mwaka 1986 Concorde ilikuwa bado inaruka. Taasisi yake iliunganishwa mwaka 2001 na ile ya utafiti wa ulinzi na kuwa FOI, ambayo ofisi zake za Stockholm ziko hapa Kista, kitongoji kinachojulikana zaidi kwa kampuni za mawasiliano na kompyuta. Kila asubuhi watafiti hushuka kwenye treni ile ile inayowashusha wakazi wa Husby na Akalla, wengi wao watu waliotoka Somalia, Uajemi, Eritrea na kwetu Afrika Mashariki.

Swali linarudi

Mnamo mwaka 2025 suala hili lilirejea mezani. Januari, ndege ya majaribio XB-1 ya kampuni ya Marekani ya Boom ilivuka kasi ya sauti. Juni, Rais Donald Trump alitia saini amri ya kuiagiza mamlaka ya anga ya nchi yake iondoe marufuku ya mwaka 1973. Oktoba, shirika la NASA lilirusha kwa mara ya kwanza X-59, ndege yenye pua ndefu mno iliyochongwa ili mawimbi ya hewa yasirundikane, na kishindo kigeuke kuwa mgongo mdogo kama wa mlango wa gari unaofungwa kwa mbali.

Ikiwa wahandisi watafanikiwa, hoja kuu ya Lundberg itakuwa imejibiwa kwa njia ambayo yeye mwenyewe, akiwa mhandisi, asingeikataa: kwa kazi na vipimo. NASA imepanga kuipitisha ndege hiyo juu ya miji iliyochaguliwa na kuwauliza wakazi wamesikia nini. Hilo peke yake ni ushindi wa mtu huyu wa Karlskoga, kwamba aliye chini anaulizwa kwanza.

Litakalobaki ni kuangalia anayeulizwa ni nani. Ni rahisi kumuuliza mtu wa wastani, mchana, katika mji wa nchi tajiri. Lundberg angetaka aulizwe pia mzee asiyepata usingizi, na mfugaji ambaye nyika yake imeandikwa kwenye ramani kuwa ni tupu.